Baada ya Matte Hakuna Ippon

Ippon, yaani ushindi wa papo hapo wa judo, aliyopewa Mhispania Francisco Garrigos kwenye robo fainali ya kilo 60 ya Olimpiki ya Paris, Julai 27, 2024, haikuwa ippon. Nimeirudia video ile, na kila nikiirudia naudhika upya.

Wako chini kwenye tatami. Garrigos amempiga Mjapani Ryuju Nagayama kabali, na Nagayama hajagonga kusalimu amri. Mwamuzi anaita matte, amri ya kusimamisha pambano. Nagayama analegeza mwili, kama tulivyofundishwa sote. Mikono ya Garrigos hailegei. Zinapita sekunde kama 6. Anapoachia, Mjapani amezimia, na ubao unaandika ippon.

Sekunde 6 ni nyingi mno. Kabali iliyokaa sawasawa haina haja na koo. Inabana mishipa ya damu ya pande zote mbili za shingo, na fahamu hupotea ndani ya takriban sekunde 10. Madaktari nao hubonyeza hapo hapo kutuliza aina fulani ya moyo kwenda mbio. Lakini wao hubonyeza upande mmoja tu, sekunde 5 hadi 10, mgonjwa amelala na mapigo yake yanasomwa kwenye mashine. Kipimo cha mkono shingoni ni muda, na kwenye tatami mwenye kushika muda ni mwamuzi.

Tufanye Garrigos hakusikia kwa kelele za ukumbi. Mwamuzi je? Kama Nagayama alikuwa amezimia tayari, angeita ippon. Aliita matte kwa sababu hakuiona. Basi kilichozaa ushindi ni sekunde zile ambazo, kwa amri yake mwenyewe, pambano lilikuwa limesimama.

Sisemi hivi kwa kupenda matte za haraka: nimeshalia sana na waamuzi wanaowainua watu kabla mchezo wa chini haujaiva. Na tangu kushika miguu kulipopigwa marufuku kabisa mwaka 2013, kazi ya chini ndiyo utajiri mkubwa tuliobakiwa nao. Lakini ushindi wa chini lazima uwe wazi. Mwaka 1951 pale Maracanã, Rio, mwanajudo wa Japani Masahiko Kimura aliukunja mkono wa Mbrazili Hélio Gracie, Gracie akakataa kugonga. Kona yake iliposalimu amri, pambano likaisha, na hadi leo hakuna anayebishana nani alishinda.

Tukirudi Paris, dhahabu ya kilo 60 ilikwenda kwa Mkazakhstan Yeldos Smetov, aliyekamilisha nayo fedha ya Rio na shaba ya Tokyo: kazi safi. Garrigos na Nagayama wote waliondoka na shaba. Lakini Nagayama, aliyegoma kutoka kwenye tatami siku ile, alikuwa anadai haki yake. Alitii amri, na utii ndio uliomponza.