Sambusa Haina Pa Kujificha

Shangazi alilibonyeza donge la unga kwa kidole gumba, akasubiri. Shimo likajaa upesi. "Bado," akasema, akalifunika tena kwa kitambaa kibichi.

Ilikuwa saa tisa alasiri, uani kwake Kariakoo, mitaa michache kutoka Msimbazi. Nje, muuza vitenge alikuwa akitangaza bei kwa spika, bajaji zikipigiana honi, mikokoteni ikiomba njia. Baada ya Isha wangefika wageni 12, wakwe wapya wa binti yake, na shangazi alikuwa ameazimia kuwapokea kwa sambusa za manda ya mkono. Mimi nilikuja kusaidia. Kazi niliyopewa ni kupepea jiko la mkaa, na hiyo nayo nikaambiwa nisizidishe.

Binti yake alikuwa amependekeza makaroni ya kuoka, yale yanayopangwa tabaka kwa tabaka na nyama ya kusaga, kisha yakaingia kwenye oveni mpaka juu pawe rangi ya dhahabu. Shangazi hana ugomvi na makaroni. Hoja yake ni kwamba mle ndani mchuzi na jibini husitiri mengi. Tambi zikiiva kupita kiasi, nani atajua? Sambusa haina mchuzi wa kuisitiri. Kosa la saa tisa alasiri huonekana saa mbili usiku, mbele ya wakwe. Manda ya tayari nayo ipo madukani, imefungwa vizuri, na siku za haraka huinunua mwenyewe. Ila siku hiyo haikuwa ya haraka.

Unga wake ni nusu kilo ya ngano, chumvi, kijiko cha mafuta na maji yanayoingia kidogo kidogo. Haukandwi ukawa laini kama wa chapati, unatakiwa ukaze. Halafu unalazwa. Unga uliotoka kukandwa una ukaidi: ukiusukuma, unajirudi. Ukipumzika, unatii. Alipoubonyeza mara ya tatu, alama ya kidole ikabaki, naye akavuta kibao.

Akakata madonge 18, kila moja kama ndimu. Akasukuma sita yawe mapana kama visahani, akalipaka la kwanza mafuta, akalinyunyizia unga mkavu, akalilazia la pili, na kuendelea hivyo hadi la sita, ambalo halipakwi kitu juu. Kisha akaanza kuyasukuma yote sita kwa pamoja. Hapo ndipo nilipoacha kupepea. Mti wa kusukumia ulikuwa ukienda bila kukandamiza katikati, mkono wa kushoto ukigeuza ule mkate robo mzunguko kila baada ya misukumo miwili. Ukikandamiza katikati, tabaka za chini hubanana zisiachane. Ukisahau kugeuza, upande mmoja hubaki mnene. Ulipofika upana wa sahani ya wali, ungeapa ni chapati moja.

Ikaenda kwenye kikaango kikavu, moto mdogo. Lengo si kuiva. Manda iliyopata madoa ya kahawia imeshakauka, na ikikunjwa inavunjika. Aliigeuza mara mbili tu, ikaanza kuvimba: unyevu wa unga ulikuwa ukigeuka mvuke, na mafuta na unga mkavu vilikuwa vimeuachia njia katikati ya tabaka. Akaitoa, akashika ukingo kwa kucha mbili, akabandua. Tabaka ya kwanza ikatoka kama ngozi ya kitunguu. Ya pili. Ya tatu. Zilikuwa za moto, na alikuwa akipuliza vidole kati ya moja na nyingine, lakini hakungoja zipoe, maana zikipoa hushikana. Zote sita zikatoka nzima. Nilipoinua moja kwenye mwanga, niliona vidole vyangu upande wa pili.

Kila duara hukatwa robo nne. Madonge 18 yakawa manda 72, sita kwa kila mgeni. Shangazi alikuwa amepiga hesabu kabla ya kugusa unga.

Nyama ilikuwa imepikwa tangu asubuhi, bila mafuta, kwa tangawizi, kitunguu saumu, chumvi na ndimu, ikikaushwa kwa maji yake yenyewe huku mwiko ukivunja mabonge. Ilipopoa kabisa ndipo vilipoingia bizari nyembamba, pilipili manga, giligilani na vitunguu vibichi vilivyokatwa vidogo na kukamuliwa. Nyama yenye maji hulainisha manda kabla haijafika kwenye karai, ikapasukia humo.

Ni chakula kilichosafiri. Msafiri Ibn Battuta, aliyefika Kilwa mwaka 1331, baadaye aliieleza sambusa katika karamu za Sultani wa Delhi: nyama iliyokatwakatwa, lozi, pistachio, vitunguu na viungo, ndani ya mkate mwembamba uliokaangwa kwa samli. Karibu miaka 700 imepita, lozi zimeachwa njiani, na ule mkate bado ni mwembamba.

Kukunja ndiko kunakoipa manda nguvu. Robo ya manda iliyolazwa mezani haiwezi hata kubeba kijiko cha nyama. Ikunje iwe kama bahasha ya karanga, gundisha ukingo kwa uji mzito wa unga, jaza, funga, nayo inasimama yenyewe. Msanifu majengo Beda Amuli alijua jambo kama hilo alipochora jengo la Soko la Kariakoo, lililofunguliwa mwaka 1975: paa lake ni zege jembamba lenye umbo la miavuli iliyogeuzwa kupokea mvua, na nguvu yake imo katika umbo kuliko katika unene.

Shangazi alinipa manda nne nikunje. Zake zilikuwa na ncha kali, zimezibwa kiasi kwamba sindano isingepita. Zangu zilifanana na zake kwa mbali. Hakusema kitu, akazipanga pamoja na nyingine.

Karai lilipopata moto alitupia kipande cha manda kilichobaki. Kilizama, kikapanda taratibu kikizungukwa na mapovu madogo, hapo akaanza. Mafuta yakiwa makali, manda hufanya malengelenge. Yakiwa baridi, sambusa huyanywa.

Wakwe walikula, wakaongezewa, wakasifu nyama. "Mashallah, imekolea." Kila aliyesifu alisifu nyama. "Alhamdulillah," akajibu shangazi, akiwasukumia ndimu.

Walipoondoka, aliinua karatasi nyeupe iliyotandikwa kwenye sinia, akaipeleka chini ya taa kama mtu anayekagua noti. Ilikuwa na ukungu wa mafuta tu, isipokuwa pembeni, palipokuwa na madoa mawili mapana.

"Hizi mbili zako," akasema. "Mbili nyingine zilishika. Njoo Jumamosi."