Mikono Isiyoonekana katika Sinema

Mwaka 1973 François Truffaut, Mfaransa, alitoa sinema "La Nuit américaine". Yaonyesha namna sinema inavyotengenezwa huko Nice, katika studio ya Victorine. Jina lake ni la ufundi: kupiga picha mchana, kwa kioo cha rangi mbele ya kamera, hata watazamaji wadhani ni usiku. Twaona mshumaa wenye taa ya umeme ndani, na paka mdogo anayekataa maziwa, kazi ya wote ikisimama. Twaona hasa Joëlle, mwandishi wa kazi, anayekumbuka kila jambo wala hasifiwi.

Hayo ni mema: watumishi wa nyuma wamepewa heshima yao. Lakini mwaka ule ule Jean-Luc Godard alimwandikia Truffaut barua kali, akimwita mwongo: mapenzi ya wengine yaonyeshwa, ya mkubwa wa kazi yafichwa. Na mkubwa huyo, Truffaut mwenyewe ndiye anayemwigiza! Kweli, twaonyeshwa ndoto zake. Udhaifu wake, kidogo sana. Twaona lawama hiyo ina haki. Anayesimulia kazi ya wengine, naye aingie katika mizani. Sisi mapadri tunaoandika habari za misheni na makatekista wetu, tulishike neno hilo.