Sauti Nyuma ya Pazia: Nani Mwizi katika Singin' in the Rain?

Wenzangu wengi huichukulia sinema ya nyimbo na ngoma kuwa burudani tupu, isiyostahili muda wa mhakiki. Mimi nawapinga. Katika makala haya nitaitazama Singin' in the Rain, iliyotolewa na kampuni ya MGM mwaka 1952 na kuongozwa na Gene Kelly na Stanley Donen. Nitadai kwamba dhamira yake kuu ni wizi wa jasho, na kwamba katika hilo sinema yenyewe ni kama nyani asiyeona kundule.

Kisa kinaanzia mwaka 1927, Hollywood. The Jazz Singer imewafanya watazamaji watake sinema zinazosema, na kampuni zilizozoea sinema bubu zinahaha. Lina Lamont (Jean Hagen) ni nyota mwenye sura ya kupendeza, lakini akifungua kinywa, jamani, ni kero! Dawa inapatikana: Kathy Selden (Debbie Reynolds), msichana asiye na jina, aseme na kuimba badala yake. Lina akigundua, anaushika mkataba wake na kumtisha mkuu wa kampuni: Kathy asitajwe, na aendelee kuwa sauti tu. Mwishoni pazia linavutwa mbele ya umma, na mwimbaji wa kweli anaonekana. Tunapiga makofi.

Lakini hebu tujiulize: nani amevuta kamba ya pazia? Mmoja wao ni mkuu yule yule wa kampuni! Ndiye aliyeukubali mpango wa kuazima sauti, na alipotishwa akanywea. Sasa lawama zote anabebeshwa Lina, naye anasimama pembeni kama mtetezi wa haki. Kejeli ya sinema hii, kali kama ilivyo, inamchapa mwajiriwa na kumwacha tajiri.

Kuna jingine. Nilipoitazama mara ya kwanza nilishangilia kama wengine. Baadaye nikafahamu kwamba katika tukio ambamo Kathy anaisemea midomo ya Lina, sauti tunayoisikia ni ya Jean Hagen mwenyewe, sauti yake halisi, nzuri tu. Na katika wimbo wa "Would You?", Kathy anapomwimbia Lina, anayeimba hasa si Reynolds bali Betty Noyes. Jina la Noyes halimo katika orodha ya wasanii inayoonyeshwa kwenye sinema. Yaani sinema inayokemea kuficha mwimbaji imeficha mwimbaji!

Najua nitajibiwa: sinema ni kazi ya wengi, kuazima sauti lilikuwa jambo la kawaida Hollywood, na fani haina budi kudanganya kidogo. Sawa, nakubali. Ila kipimo hiki sikukileta mimi. Sinema yenyewe ndiyo iliyotufundisha kwamba mwenye sauti anastahili kutajwa, nami naipima kwa kibaba chake.

Je, basi ni sinema mbovu? La hasha. Kwangu imekuwa kubwa zaidi, maana inathibitisha kwa kosa lake ukweli inaousema kwa maneno. Naomba wenzangu waitazame tena. Mkifika kwenye "Would You?", fumbeni macho, msikilize. Huyo mnayemsikia bado yuko nyuma ya pazia.