Magurudumu Matatu Mpakani Busia

Katika mji wa Busia, ambao mpaka wa Kenya na Uganda umeugawa pande mbili, wapo wabeba mizigo wenye ulemavu wa miguu, wengi wao waliopatwa na polio utotoni, ambao kwa miongo kadhaa wamevusha bidhaa za wafanyabiashara kwa baiskeli za magurudumu matatu, yaani zile ambazo pedeli zake huzungushwa kwa mikono badala ya miguu. Mzigo hupangwa nyuma na chini ya kiti, na unapozidi nguvu za mabega, huajiriwa kijana wa kusukuma, ambaye ujira wake hutoka katika malipo yale yale madogo. Hivyo mtu anayedhaniwa kuwa ni wa kusaidiwa huwa mwajiri. Kiganja huota sugu, tairi hupasuka, mvua huloesha magunia, na hasara ya shehena iliyoharibika au kukamatwa humwangukia mara nyingi yeye aliyeibeba.

Ibara ya 43 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inaitaka Serikali kuwapa hifadhi ya jamii wasioweza kujikimu. Wabeba mizigo hawa hawakuingoja hifadhi hiyo, na pengine ndiyo maana ni rahisi kuwasahau, ingawa unga na mafuta ya kupikia katika maduka mengi madogo ya mpakani yamewahi kupita mikononi mwao, kwa nauli ambayo mwenye duka hakukosa kuipunguza.