Lumumba wa Raoul Peck, na mwigizaji na bila mwigizaji

Mwongozaji Raoul Peck amemtengenezea Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo, filamu mbili, na ile isiyo na mwigizaji hata mmoja ndiyo inayomleta Lumumba karibu zaidi.

Hiyo ni makala yake ya mwanzoni mwa miaka ya 1990, Lumumba: la mort d'un prophète. Peck ni Mhaiti, lakini familia yake ilihamia Léopoldville, mji mkuu wa Kongo, mwaka 1961, mwaka uleule Lumumba aliouawa katika jimbo la Katanga. Zaire, kama Kongo ilivyoitwa chini ya Rais Mobutu, haikuwa mahali pa kupigia filamu ya namna hiyo, basi kamera ikazunguka Brussels wakati wa baridi. Tunaona barabara za kijivu na wapita njia waliojikunyata, huku Peck mwenyewe akisimulia aliyoyasikia kwa mama yake, aliyekuwa katibu katika ofisi ya meya kule Kongo. Macho yako Ubelgiji, masikio yako Kongo. Kuunganisha ni kazi ya mtazamaji, na lawama inajengeka humo bila kutamkwa. Hata ughali wa picha za kumbukumbu, zinazomilikiwa na makampuni ya Ulaya, anautaja ndani ya filamu. Wengi wangelipa wakanyamaza.

Mwaka 2000 akaja na filamu ya kuigiza, Eriq Ebouaney akiwa Lumumba. Miwani ipo, ndevu za kidevuni zipo, nywele zimechanwa njia. Peck alianza na miili ikiangamizwa usiku, kisha akamwacha marehemu ajisimulie, hivyo hakuna anayekaa kusubiri mwisho. Ni uamuzi wa fundi. Tatizo ni mbio: sherehe za uhuru, maasi ya askari, Katanga kujitenga, vyote ndani ya saa mbili kasoro. Ebouaney anapata nafasi ya kuhutubia, hapati nafasi ya kufikiri.

Baada ya Lumumba, katika makala yake ya 2016, I Am Not Your Negro, mwigizaji alibaki sauti tu. Samuel L. Jackson anasoma maneno ya mwandishi Mmarekani James Baldwin bila kumwiga, tena kwa sauti ya chini usiyomzoea nayo. Kumwiga kungeharibu, kwa kuwa Baldwin mwenyewe yumo, akizungumza kwenye mahojiano ya zamani ya televisheni. Tungebaki tukilinganisha lafudhi.

Uso aliurudisha mwaka 2021, kwenye Exterminate All the Brutes, mfululizo wa HBO wenye sehemu nne. Josh Hartnett ni mzungu yuleyule mwenye silaha, karne hadi karne, bara hadi bara, mavazi tu yanabadilika. Hapo kuigiza kunafaa, maana kinachoonyeshwa ni mwenendo, si wasifu wa mtu.