Waitikiaji Walipokamata Usukani: Kazi ya The Zawose Queens

Kwa miaka mingi, muziki wa Wagogo ukitajwa nje ya Dodoma, jina lililofuata lilikuwa moja: Hukwe Zawose. Mzee huyo, mzaliwa wa mwaka 1938, aliitwa Dar es Salaam enzi za Mwalimu Nyerere, baadaye akahamia Bagamoyo, na hadi anafariki mwaka 2003 ilimba yake (ala inayopigwa kwa vidole gumba) na zeze lake vilikuwa vimesikika Ulaya na Marekani. Nyuma yake walisimama wanawake, wakiitikia na kucheza. Majina yao hayakuulizwa sana.

Mwaka 2024 Pendo na Leah Zawose, wa ukoo huohuo, walitoa albamu yao, Maisha, kwa jina la The Zawose Queens. Iliyoitoa ni Real World, kampuni ya mwanamuziki Peter Gabriel iliyotoa albamu ya Chibite ya mzee wao mwaka 1996. Walioisikia wengi wamesifu sauti nzuri. Sifa hiyo ni haki yao, lakini inaruka ufundi wenyewe.

Kwa mila, ilimba na zeze vilikuwa mikononi mwa wanaume. Cha mwanamke kilikuwa muheme, ngoma iliyochongwa ikawa nyembamba katikati, yenye ngozi upande mmoja tu. Mpigaji husimama, akaibana katikati ya mapaja, akaielekeza mbele na kuipiga kwa viganja viwili. Kabla ya kuanza, ngozi huanikwa juani au kupashwa moto mpaka ikaze. Wapigaji wengine hushika mapigo yasiyobadilika; mmoja huchomoza juu yao, akakatiza, akachokoza, akarudi. Wakati huohuo anaimba na anacheza. Anayeweza hayo yote kwa pamoja tayari ni kiongozi wa bendi, hata kama tangazo la onyesho limeandika jina la mwanamume.

Hapo ndipo ninapoiona hatua kubwa ya Pendo na Leah. Uwezo wa kuongoza hawakuuazima popote. Walikuwa nao ndani ya muheme. Walichofanya ni kuupeleka kwenye wimbo mzima, wakaanzisha wao na wengine wakaitikia, na vyombo vilivyokuwa vya wanaume vikaingia mikononi mwa wanawake.

Sauti zao nazo zina hesabu yake. Wagogo huimba kwa ngazi ya noti tano. Mwimbaji wa pili hachagui noti ovyo: huruka noti moja ya ngazi na kuandamana na mwenzake, juu au chini. Kwa kuwa nafasi kati ya noti hazilingani, umbali kati ya sauti hizo mbili haukai uleule. Mgeni husikia kitu kama kwaya ya kanisani iliyopinda kidogo. Kumbe hakuna kilichopinda, kanuni ni nyingine. Juu ya hapo huja mruko wa ghafla kutoka sauti ya kifua hadi ile nyembamba ya kichwani, na Pendo na Leah huupiga kwa usahihi wa ajabu.

Watayarishaji, Oli Barton-Wood na Tom Excell wa Uingereza, wameongeza besi na milio ya kielektroniki. Kwa sehemu kubwa wamejizuia vizuri. Lakini kila besi inaponenepa, mimi hupoteza mlio wa chini wa muheme, ule unaotoka kwenye tundu la nyuma la ngoma, na huo ndio unaomwambia mchezaji pa kukanyaga. Hasara hiyo inaniuma, kwa sababu ingeepukika.

Vikundi vya muheme vingalipo vingi Dodoma, na Chamwino kuna tamasha la muziki wa Cigogo, yaani Kigogo. Atakayekwenda kuwarekodi akina mama huko asiridhike na maikrofoni moja mbele ya mwimbaji. Aweke nyingine nyuma ya ngoma, usawa wa magoti, na ya tatu karibu na miguu, njuga zinapolia. Kisha awaulize nani anaongoza, aandike jina lake kwanza.