Rehani na Gharama Isiyotajwa

Tangu enzi za misafara ya Tabora, Tippu Tip alipokopa bidhaa kwa Taria Topan wa Unguja, swali la mkopaji ni moja: nitarudisha kiasi gani? Neno "rehani", lenye asili ya Kiarabu, halilijibu. Lataja kitu kinachofungwa, si fedha zitakazolipwa.

Mfasiri akiongeza tu "riba ya asilimia 15 kwa mwaka", msomaji wa Ntalikwa aweza kudhani kuwa mkopo wa shilingi milioni 10 utazaa milioni 1.5, basi. Sivyo. Ukilipwa kwa miaka 20, kwa kiasi kilekile kila mwezi, marejesho ni kama shilingi 131,700 kwa mwezi. Katika malipo ya kwanza 125,000 ni riba. Deni lapungua kwa 6,700 tu. Mwishowe zitakuwa zimelipwa karibu milioni 31.6.

Kwa hiyo yafaa "rehani" ibaki kuwa jina la dhamana, "mkopo wa nyumba" liwe jina la deni, na kila tafsiri ya mkataba iwe na "jumla ya marejesho", pamoja na tarakimu zake. Maneno haya hayahitaji kuundwa. Yahitaji kuandikwa mahali ambapo mkopaji atayaona kabla hajatia sahihi.